Samaki wa Mama

Jumatatu, Machi 20

Brandi amepiga simu. Samahani — Bracha. Mjukuu niliyemlea mwenyewe hapa hapa Mississippi, mama yake alipohamia Houston na mume mpya. Ukutani kuna picha yake akishangilia mpira wa shule, sketi fupi kama leso. Akaenda kusoma New York, akarudi na sketi ya kufagia sakafu na jina jipya. Ukimwita Brandi anachelewa kuitika.

Lakini habari yenyewe! Anakuja Pasaka — yetu sisi Wayahudi, si ile ya mayai ya rangi. Anamleta mchumba, Zalman. Na mwaka huu atakula kwangu. Mezani! Mwaka jana, kwa kuwa jiko langu si halali kwake, alikula jodari wa kopo ndani ya gari lake, vioo vimepandishwa, mimi niko barazani nampungia mkono kama mwehu. Yule niliyemlisha kwa kijiko! Sitaki kuyaona tena. Nikifa kabla mtoto huyu hajala chakula changu, nitafufuka nije nidai.

Kuna masharti. Watakuja mapema kutakasa jiko. Nikamwambia jiko langu ni safi. "Bibi, siyo usafi huo."

Kisha akauliza, sauti yake ya zamani kabisa: "Samaki utapika, si ndiyo? Yule wa Bibi Selma?"

Bibi Selma ni mama yangu, Mungu amrehemu. Nimelia kidogo. Halafu nikala aiskrimu.

Jumatano, Machi 22

Nimemwambia dada yangu Lucille. Akaweka kikombe chini. "Kwa hiyo huyo kijana wa ndevu anakuja kutufundisha Uyahudi? Sisi?"

Lucille anapamba mti wa Krismasi kila Desemba. Anashikilia kwamba nguruwe akikatwa vipande vyembamba sana hahesabiki. Lakini thubutu kumwambia si Myahudi! Ataanza na babu wa babu yetu aliyefika huku na furushi la vitambaa mgongoni akiwauzia wakulima wa pamba, na hutatoka pale kabla ya chakula cha jioni.

Mimi pia sina la kujivunia. Sabato tuliiacha kwa sababu Jumamosi ndiyo siku dukani palijaa watu. Kofia za kichwani wazee walizivua wasionekane wageni. Lugha yao tumebaki na matusi tu, tena tunayakosea. Siku hizi sinagogi linafunguliwa kwa nadra, na waimbaji tunawaazima kwa Wamethodisti. Vijana wote wako Atlanta.

Tumeacha yote isipokuwa samaki wa Mama. Samaki aliyesagwa, kitunguu, sukari kidogo, vitonge vimechemshwa taratibu, kila kimoja na kipande cha karoti kichwani. Kila Pasaka, hata mwaka wa mafuriko. Mama alikuwa anasema: mkosa mila ni mtumwa, na sisi Misri tulishatoka, kwa hiyo kula!

Ijumaa, Machi 24

Sharti jipya. Samaki lazima anunuliwe mzima, na ngozi yake, Brandi amwone kwa macho. "Sheria yenyewe rahisi, Bibi. Mapezi na magamba. Akishasagwa utajuaje?"

Nikacheka. Tunanunua kwa Purvis, duka la samaki, tangu sijaota meno ya ukubwani. Wanasaga wenyewe, wanafunga kwenye karatasi nyeupe, nachukua. Samaki mwenyewe sijawahi kumwona. Wa nini? Hata ini langu sijawahi kuliona na tunaishi vizuri.

Jumatatu, Machi 27

Mungu wangu.

Nimekwenda kwa Purvis. Mzee alishafariki, duka analo binti yake Darlene, Mbaptisti, mtu wa sala. Nikamwambia nipe wale wetu wa Pasaka, ila mwaka huu nataka mzima. Akaingia nyuma. Akatoka naye. Akamlaza juu ya barafu.

Kambale!

Ana masharubu! Ngozi tupu, inateleza, hana gamba hata la kusingizia. Nikasema, hapana Darlene, wale wetu.

"Ndio hawa hawa, mpenzi. Siku zote ni hawa."

Nikashika meza. Akaniletea kiti na soda. Akasema baba yake alimweleza Mama tangu mwanzo: samaki wa magamba wa mto huu wana miiba mno, watoto watasakamwa. Mama akafikiri. Kisha akasema, "Basi wewe saga, funga, wala usiniambie." Akamkonyeza. Darlene alikuwa mdogo lakini kule kukonyeza anakukumbuka.

Mama! Aliyenichapa kwa kula kamba wa kukaanga kwenye harusi ya jirani!

Jumanne, Machi 28

Lucille amecheka mpaka akashuka kwenye kochi. "Max!" Ndivyo anavyoniita tangu utoto. "Tumetupa kila kitu, tukashika kimoja — na hicho kimoja ndicho haramu!"

Mimi sikucheka. Brandi amelishwa kambale utoto wake wote, na mkono uliomlisha ni huu. Akijua, kwangu hatakunywa hata maji. Ataoa — ataolewa, hata kuandika siwezi! — watazaliwa watoto, na watoto nao watakula jodari ndani ya gari, wamepangwa kiti cha nyuma, wananipungia.

Lucille akafuta machozi, akawa mtu mzima ghafla. "Usimwambie. Tafuta mwenye magamba, pika vilevile, fumba mdomo. Mtoto atakula, utafurahi, tutakufa salama."

Njia ya mwongo ni fupi, najua. Lakini ya kwenda Memphis kutafuta samaki ni ndefu, na nitaikata Jumapili.

Jumapili, Aprili 2

Nimempata. Mkubwa kama mtoto wa darasa la kwanza, magamba kila mahali. Mwuzaji akaniuliza kama nataka amparue. Nikapiga kelele: usimguse! Watu wakageuka. Amesafiri kiti cha mbele ndani ya sanduku la barafu, mkia nje, nimemfunga mkanda. Askari wa barabarani amenisimamisha, akamtazama, akaniruhusu niende bila neno.

Jumatatu, Aprili 3

Wamefika! Brandi amekonda. Zalman ni mrefu, ndevu nyekundu, mpole mno, anaomba samahani hata kwa mlango. Nikampenda kabla hajakaa. Nikamnyooshea mkono, akakumbuka hashiki mikono ya wanawake, akainama, na mimi nikainama, tukagongana vichwa.

Kisha jiko. Meza zimevishwa karatasi ya alumini, kabati zimefungwa kwa utepe wa gundi, vyungu vyangu vimepelekwa gereji kama wafungwa na vipya vimeletwa. Zalman akatoa mtungi wa gesi wenye mdomo wa moto kuunguza oveni. Sheria, eti, kilichoingia kwa moto hutoka kwa moto. Sawa. Lakini mle ndani mlikuwa na mafuta ya Krismasi zote za Lucille, maana bata wake huwa anamwokea kwangu.

Moshi! King'ora! Pazia likashika! Zimamoto wakafika wakiwa na furaha, hawajapata kazi tangu Februari. Mkuu wao anaimba besi sinagogi kwetu. Akamtazama Zalman juu mpaka chini — kofia, koti jeusi, nyuzi zinaning'inia — akamwuliza kwa heshima kama yeye ni Amish, wale Wakristo wa ndevu wanaopanda magari ya farasi.

"Mimi ni Myahudi," Zalman akasema.

"Aa," mkuu akasema, akiniangalia mimi, halafu Lucille na lulu zake. "Kama hawa?"

Lucille akaenda kufungua madirisha.

Jumanne, Aprili 4

Tumepika pamoja. Nilimtoa samaki barafuni mbele ya Brandi. Akapitisha kidole kwenye magamba. Akanikumbatia. "Bibi, umeendesha mpaka Memphis kwa ajili yangu?"

Nilijisikia mwizi aliyepewa zawadi na mwenye nyumba.

Tukaparua, magamba mpaka kwenye nyusi. Tukachomoa miiba — Purvis hakudanganya, ni msitu! Brandi akaweka karoti juu ya kitonge kimoja kimoja, ulimi nje, kama alipokuwa na miaka mitano. Hakutaka kuonja. Anataka aonje mezani, kama zamani.

Jioni nimepita kwa Lucille kuazima viti. Nyumba nzima inanuka utoto wangu. Jikoni sufuria imefunikwa, na kapuni karatasi nyeupe ya Purvis. Lucille alisimama mbele ya jiko, mikono kiunoni. Sikuuliza. Nimechukua viti.

Jumatano, Aprili 5

Niko chooni. Ndiyo, sikukuu imeingia, kuandika hakuruhusiwi. Nitaungama baadaye, foleni ni ndefu.

Mambo yalikuwa mazuri! Meza inang'aa. Mvinyo, mboga chungu, mkate usiochachuka. Mdogo kuliko wote mezani huuliza yale maswali manne, kwa nini usiku huu si kama usiku mwingine, na mkubwa hulazimika kujibu. Brandi ndiye mdogo wetu tangu azaliwe, hakuna mwingine aliyekuja. Akayaimba kwa Kiebrania safi cha New York, lakini mwishoni sauti ikavutika kama ya huku kwetu, na Zalman akamtazama mpaka nikaona haya mimi.

Halafu samaki.

Zalman akaonja. "Bibi! Kama wa mama yangu kabisa!" Akaongeza. Akaongeza tena.

Brandi akaonja. Akatafuna polepole. Akaweka uma. Machozi yakaanza kushuka.

"Ni mtamu sana, Bibi. Asante. Ila... siye."

Zalman akaacha kutafuna.

Akasema New York kila nyumba aliyoalikwa ameonja samaki wao, na hakuna anayefanana na wa Bibi Selma. Akawa anakwenda kwa wanaoshika sheria zaidi, na zaidi ya hao. "Nilidhani wao ndio watakuwa naye, yule wa kweli. Ndivyo nilivyoanza kukaa nao, Bibi. Nilikuwa namtafuta yule samaki."

Jamani! Sketi ndefu, jina jipya, mtungi wa gesi, pazia langu — kwa ajili ya kambale!

Nikamtazama Lucille. Lucille akatazama mkoba wake chini ya kiti, ule mkubwa wa mazishi. Kwa mguu akausogeza kidogo, na mkoba ukapumua. Brandi akainua pua. Uso wake wote ukafunguka, kama siku alipokuwa akishuka kwenye basi la shule akijua nimepika nini.

"Hiyo harufu," akasema. "Bibi. Hiyo harufu ni ya nini?"

Nikasema tumbo. Nikakimbia. Na bila shaka nikapita kuchukua daftari, maana sina akili.

Nikimwambia, nampoteza. Nisipomwambia, atazunguka dunia nzima akimtafuta samaki aliye kwa Darlene, nyuma ya kituo cha mafuta. Mama, ungefanyaje? Najua ungefanyaje. Ungekonyeza. Mimi siwezi, nikikonyeza macho yote mawili yanafumba.

Anagonga.

"Bibi? Bibi Lucille anasema mkobani kuna kitu, lakini kwanza nikuulize wewe."

Kule mezani Zalman anasikika akimuuliza Lucille kwa adabu kama mkoba unavuja.

"Yule samaki wa Bibi Selma. Alikuwa samaki gani?"

Swali la tano! Halimo kitabuni, lakini aliyeuliza ni mdogo kuliko wote, na mkubwa nimebaki mimi. Nimevuta maji ili aone nina shughuli. Hakuondoka. Naona kivuli cha viatu vyake chini ya mlango.

"Bibi," anasema, taratibu sana. "Nasikia kalamu."