Mama Amesikia Nikiitwa Maryam

Wini, niko bafuni nalia.

Taghreed, binti wa madamu ninayemfanyia kazi za nyumbani, ametafuta jina langu kwenye simu. Kumbe Klotilda alikuwa malkia wa Ufaransa ya kale! Maana yake mashuhuri vitani. Masista wa Kifaransa walimbatiza nalo marehemu bibi, na mama akanirithisha mimi.

Madamu akacheka. "Vita gani, na huyu kusema tu mtihani? Mie nnamwita Maryam, basi."

Nikaendelea na kazi. Wini, sikulitetea jina la bibi!

Mara mama akapiga simu. Tunaongea, madamu akaita, "Maryam!" Nikaitika, "Abee!" Niliitika, Wini, mama anasikia!

"Mbona umeitika wewe? Maryam ni nani?"

Nikamwambia ni dada tunayefanya naye kazi, ametoka kidogo.

Mama akasema, "Haya, msalimie sana."