Rojo la Majani Mabichi

Mufindi, shamba la chai
Jumapili, 9 Juni 1957

Kwa mpwa wangu Asukile,

Pokea salamu za mjomba wako kutoka huku kwenye baridi. Natumaini u mzima wa mwili, na kwamba wagonjwa wa huko Tosamaganga hawajakuchosha mikono kwa kuwafunga vidonda. Mimi ni mzima kidogo. Asubuhi kifua kinabana, jua likitoka kinaachia. Ukienda milimani Mbeya kumwona mama yako, dada yangu Sekela, umwambie kaka yake bado anakula na anasimama kwa miguu yake.

Barua yako niliipata siku kumi na mbili zilizopita. Niliisoma mwenyewe, sikumpa mtu, maana mjomba wako ingawa aliishia darasa la pili, hajazaliwa karani wa kumshinda mwandiko. Umeniambia kwamba mzee Alinanuswe ameirudisha posa yako, akisema binti yake Lea hawezi kuolewa na mtoto wa mwizi. Umeniuliza, kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa na marehemu baba yako Saulo hapa shambani, nikuambie kweli kama aliiba au hakuiba. Tena ukaongeza chini kabisa kwamba safari hii nisikuletee chui wala nyoka mwenye masharubu, unataka neno moja tu. Nilicheka peke yangu jikoni. Halafu nikaacha kucheka.

Nitakujibu. Ila unanijua, mimi siwezi kuingia nyumbani bila kuzunguka ua kwanza. Na jibu lenyewe limo ndani ya bakuli, kwa hiyo acha nianze na bakuli.

Habari za rojo langu la kijani umezisikia tangu mdogo. Nani hajazisikia? Iringa wanalijua, Mbeya wanalijua. Kuna mzungu na mke wake walikuwa wamenuniana mwezi mzima, wakaja kukaribishwa hapa na Memsabu wangu ninayempikia, mke wa bwana mwenye shamba, wakachovya kila mtu kwa upande wake, na walipofika katikati ya bakuli wakaanza kuulizana habari za watoto. Mpishi mmoja wa Dodoma alikuja akajificha nyuma ya rundo la kuni siku mbili ili aone natia nini. Nilimwona tangu siku ya kwanza. Nikamwacha aumwe na siafu vizuri, kisha nikampa ugali, nikamrudisha kwao hajui kitu.

Wewe nakuandikia lote, sifichi hata punje. Unachukua mtindi wa kibuyu, ule wetu wa Kinyakyusa uliolala mpaka ukaganda. Unaumimina kwenye kitambaa cheupe, unafunga, unautundika juu ya beseni tangu asubuhi mpaka mchana, maji yake yote yadondoke, ubaki mzito wa kusimamisha kijiko. Halafu majani ya chai. Siyo yale meusi ya dukani. Unataka mabichi kutoka kwenye mche, majani mawili machanga na kichipukizi chake, uyachume umande ukishakauka. Kule kiwandani wanayaacha yanyauke na kugeuka rangi. Wewe usiyape nafasi hiyo. Siku ile ile unayatupa kwenye kikaango kikavu cha moto, unayageuzageuza kwa mkono mpaka yalegee, unayafikicha kwa viganja, unayarudisha motoni, mpaka yakauke nayo bado ni kijani. Unatwanga, unachekecha. Unatia chumvi, kitunguu saumu cha kuponda, pilipili manga, na juu unaweka malai kidogo, ule utando mzito wa maziwa. Watu wanachovya karoti, viazi vya kukaanga, mkate uliokaushwa. Ulimini yanafika kwanza maziwa, yanafuata chumvi, na mwisho unabaki uchungu mdogo nyuma ya koo, hautoki upesi.

Sasa nisome polepole hapa.

Tangu mwaka hamsini na moja, kila ninapotwanga yale majani, baba yako anakuja.

Sikuletei chui, Asukile. Haji usiku, ningesema ni ndoto. Anakuja saa nne asubuhi, ukungu ukiwa bado umeukalia mti wa mkaratusi, jiko limewaka, Memsabu yuko barazani anaandika barua zake. Mimi natwanga, baridi inaniingia mgongoni kama mtu amefungua mlango, nageuka, na yeye amesimama kizingitini na lile koti lake la kaki lililopasuka bega. Nguo zake zimelowa. Mashavu yake yamevimba, midomo ameibana, kama mtu aliyepiga funda la maji akakatazwa kulimeza. Ananitazama mpaka nimalize kutwanga. Nikikung'uta mchi, hayupo, na pale kizingitini sakafu ni kavu.

Mara ya kwanza nilidhani ni homa, nikanywa dawa. Mara ya pili nilimwita kwa jina. Mara ya tatu nikahamisha kinu nje, naye akahamia nje. Nilijaribu kumpa mwingine atwange. Alitwanga vizuri, lakini rojo liligeuka la kahawia kama tope la mtoni, na Memsabu akaniuliza kama nimezeeka. Mimi ambaye nimewahi kumkimbiza fisi kwa upawa, nikawa mtu wa kuomba ugeni usije.

Yale mashavu sikuyaelewa mpaka mwaka juzi. Nilikuwa natoka likizo, lori letu likaharibika Igawa, nikaketi kwenye baraza ya duka la mzee Mrisho. Yule ni Mwislamu, wazee wake walitoka pwani, mtu mpole. Aliposikia natoka shamba la chai la Mufindi akaniuliza kama nilimjua mtu mmoja aitwaye Saulo, kwa sababu alifia hapo hapo nilipokalia. Nikasema nilimjua kwa mbali. Ndivyo nilivyosema, Asukile. Shemeji yangu, mume wa dada yangu, nilimjua kwa mbali.

Mrisho akanisimulia kwamba Saulo alifika akitembea kwa miguu, mvua ya Machi imemnyeshea siku nzima, kifua kinapiga kelele. Walimlaza, wakampa chai, akaikataa, akaomba maji baridi. Wakamletea kikombe. Akapiga funda, akainuka kwenye kiwiko, akawa anatazama barabarani upande wa Makambako na yale maji kinywani. Mrisho alimwambia ameze, akatikisa kichwa. Alimwambia ateme, akatikisa kichwa. Alikaa hivyo kama mtu anayemsubiri mwenzake aliyesema nakuja. Mwisho maji yakamtoka yenyewe pembeni mwa mdomo, na yeye akawa amekwisha. Mrisho aliniuliza kama hiyo ni dini ya kwetu, maana jambo lile limemkaa moyoni.

Wewe umekulia misheni, lakini mama yako anaijua mila hii, muulize. Kwetu mtu akiwa na hasira na ndugu yake, hawaachi ile hasira ilale ndani, kwa sababu ikilala inaleta baridi nyumbani, watoto wanakohoa, ng'ombe wanatupa mimba. Wanakutanishwa. Aliyekosa anataja kosa lake. Aliyekosewa anachukua maji kinywani, anasema moyoni kwamba yamekwisha, anayapuliza chini. Lakini hawezi kuyapuliza peke yake kwa hewa tupu. Lazima mkosaji awepo, ataje kwanza.

Baba yako alikuwa tayari kusamehe. Alikosa mtu wa kumsamehe.

Basi nikujibu. Nimezunguka ua wote, nimefika mlangoni.

Lile rojo siyo langu. Ni la Saulo. Mimi ndiye niliyemtafutia kazi hapa ya kuosha vyombo, na nilimsimanga kwa hilo kila siku, nikimwita shemeji sahani. Siku moja Memsabu alikuwa na wageni kutoka Iringa, nami nilikuwa nimeunguza nyama. Saulo alikuwa na mtindi wake aliouning'iniza kwa chakula chake mwenyewe, na alikuwa na desturi ya kukausha vichipukizi kwenye kikaango changu nikiwa nimelala mchana. Akachanganya, akaniambia tupeleke hiki kwanza, wachovye wakati wewe unatengeneza nyingine. Walilamba bakuli. Memsabu akaingia jikoni na kuuliza nani amefanya hiki, na kabla hajafunga mdomo nikasema ni mimi. Saulo akainamia sahani zake. Jioni akanitania tu kwamba shemeji umenimeza mzima na viatu. Hakukasirika. Hilo alilisamehe bila maji.

Lakini Memsabu alitaka kujua kijani kile ni nini. Nami, badala ya kusema ni chai yake mwenyewe, nikamwambia ni jani la siri la babu zangu, linaota msitu wa Rungwe tu, na chui mmoja mweupe analilinda, na mimi peke yangu ndiye ninayeruhusiwa kulichuma. Ndiyo chui uliyemsikia utotoni. Memsabu alifurahi mno. Aliwasimulia wageni, akamwandikia hata mama yake Ulaya. Kila alipomsimulia mtu, mimi nilimwongezea chui mkia.

Ikawa kila wiki rojo. Miaka ikapita hivyo, na mwaka hamsini na moja bwana alikuwa amekasirika kwa sababu miche ilikuwa inang'olewa kitaluni na kupelekwa kusikojulikana. Akatoa amri kwamba atakayekutwa na jani bichi mfukoni anatoka siku hiyo hiyo. Mimi niliogopa kuchuma. Nikawa namtuma Saulo, nikimwambia macho yake ni mazuri kwa vichipukizi. Alisema shemeji, wakinikuta itakuwaje. Nikamwambia mimi ndiye mpishi mkuu, neno langu mbele ya bwana ni kama la askofu.

Nyapara Fanueli alimkuta na majani mifuko yote miwili. Akamleta mpaka mlango wa jiko, na bwana akaja, na Memsabu akaja nyuma yake. Saulo akasema ametumwa na mpishi, ni ya chakula cha mezani. Bwana akanigeukia, akaniuliza kama ni kweli.

Memsabu alikuwa ananitazama, Asukile. Ningesema ndiyo, angejua hapakuwa na jani la siri, wala chui, wala babu. Angejua amewadanganya marafiki zake wote kwa mdomo wangu. Nikasema sijui anafanya nini na majani hayo.

Baba yako hakubisha. Alinitazama tu. Akavaa koti lake, na mimi nikarudi kukata karoti. Mvua ilikuwa inanyesha. Yaliyobaki Mrisho amekwisha kuniambia, nami nimekuambia. Habari ya kifo chake ililetwa shambani na madereva wa malori, na nilipompelekea mama yako nilimwambia alifukuzwa kwa wizi, hivyo wazee wakakataa kumfuata Igawa, na yuko huko mpaka leo, nyuma ya duka la mtu mwingine, hajaliliwa.

Baba yako hakuiba. Kama kuna mwizi katika habari hii, alikuwa amevaa aproni.

Ijumaa nilimwendea Memsabu barazani nikamweleza yote haya. Alicheka mpaka akashika mbavu. Akasema Jailos, wewe na hadithi zako, na Jumapili nifanyie bakuli mbili. Ndiyo adhabu ya mdomo wangu, siku niliposema kweli sikupata mteja. Leo ni Jumapili na bakuli sikufanya hata moja, nimekaa kuandika. Atakavyoamua na aamue.

Kwa kuwa mzee Alinanuswe naye anaweza kucheka, nimemwendea Fanueli. Yeye hakucheka. Alikumbuka baba yako alivyosema ametumwa, na jinsi nilivyokana. Hajui kuandika, lakini ameweka dole gumba lake chini ya jina langu. Mpeleke mzee huyo barua hii nzima, usiipunguze ili kunifichia aibu. Soma kwa sauti, na Lea awepo asikie.

Jumamosi tarehe kumi na tano nitakuwa Igawa. Nitasimama pale kaburini nitaje kosa langu kwa mdomo, wazee wakiwepo au wasiwepo. Wewe ndiye damu yake, wewe tu ndiye unayeweza kuchukua maji kinywani kwa niaba yake. Sikuamuru uyapulize. Ukiyameza, ni haki yako, na nitaondoka nayo baridi yangu. Lakini njoo ili asiendelee kutazama barabara isiyo na mtu.

Msalimu mama yako. Hii usimsomee wewe, nitamwambia mwenyewe nikimtazama. Wasalimu wote wanaoniuliza, na wasioniuliza pia.

Ni mimi mjomba wako, niliyemtuma baba yako kuchuma,

Jailos Mwasomola

Na hili ni dole la Fanueli, nyapara, aliyesikia.