Nguzo Sita Ambazo Sikuzigonga

(Ukurasa kutoka daftari langu la miaka ya tisini, nilipokuwa fundi wa matimba, yaani nguzo za kuzuia udongo shimoni, kwenye machimbo ya dhahabu ya Nyarugusu. Nauweka hapa kama ulivyo.)

Nyarugusu, Alhamisi, Agosti 1996

Upepo wa kiangazi umevuma tangu alfajiri na vumbi limeingia hadi kwenye kopo la chumvi. Macho yananiwasha, midomo imepasuka, na tangu saa nne asubuhi sina kazi. Hata hivyo nimekaa hapa juu ya ndoo iliyopinduliwa nikijiona mtu mkubwa. Nimejaribu kujionea huruma, imeshindikana.

Niandike upesi kabla sijaanza kujipamba.

Jumatatu asubuhi nilikwenda kwa mpishi wetu, Mama Neema, kuchukua uji. Nikamkuta anapasua kuni. Gogo alilokuwa nalo lilikuwa nguzo yangu, iliyobaki kati ya saba nilizozitoa wiki iliyopita kwenye duara la zamani, shimo la wachimbaji lililoachwa kule bondeni. Mafundi wote wa hapa tunafanya hivyo lori la nguzo likichelewa. Mti uliokaa miaka chini ya ardhi unakuwa mkavu na mgumu, na sisi tunauamini kuliko mti mbichi. Shoka la Mama Neema lilishuka mara moja tu, nguzo ikafunguka. Ndani ulikuwa unga mtupu. Mchwa walikuwa wamekula moyo wote wakaacha ganda.

Mama Neema alicheka, akauliza kuni gani hizi za kupikia hewa. Mimi sikucheka. Nguzo nyingine sita nilikuwa nimezisimamisha mwenyewe futi sitini chini, kwenye duara letu, zizuie udongo juu ya vichwa vya watu wanane.

Kazi ya fundi matimba ina sharti moja kubwa: kila nguzo igongwe kwa mgongo wa shoka kabla haijashushwa, na usikilize inavyolia. Zile sikuzigonga. Nilizitazama tu, nikatikisa kichwa kitaalamu, nikasema ziko sawa. Miaka minne ya kusifiwa ilikuwa imenipanda kichwani.

Na siku yenyewe ilikuwa mbaya. Jumapili tulikuwa tumeugusa mshipa. Jiwe lilitoka na dhahabu ya kuonekana kwa macho, na Mama Kulwa, mjane mwenye duara, ambaye ameweka humo kila alichoachiwa na mumewe, alipiga magoti palepale kwenye udongo. Majirani zetu wa upande wa pili walikuwa wanachimba kuelekea mshipa huohuo. Desturi ya hapa haina huruma. Mshipa ni wa anayeuchimba. Ukisimama, jirani akatokeza, amekula yeye. Kutoa nguzo sita na kuweka nyingine ni kazi ya siku tatu.

Nikasimama pale na bakuli la uji mkononi, na wazo zuri sana likanijia.

Ningesema nimeota.

Basi. Huku fundi akisema ameota nyoka mweupe kalala mdomoni mwa duara, hakuna anayeshuka. Anatafutwa kuku, anaitwa mganga, na wakati huo mimi ningebadilisha nguzo zangu taratibu. Watu wanane wangepona vilevile. Na heshima yangu ingepanda, fundi anayesemeshwa hata na mizimu.

Nakiri, nilikwishaanza. Nilimwambia Mama Neema kwamba sikulala vizuri.

Kilichonizuia ni swali langu la siku nyingi. Nilisoma seminari miaka mitatu nikaacha, ndiyo maana hapa wananiita Padri, na tangu wakati huo natafuta kanuni moja inayoweza kumshika kila mtu, Msukuma na Mzinza, anayekwenda msikitini na anayewamwagia wahenga wake pombe. Humu kwenye daftari nimeandika kadhaa nikazifuta. Niliyoipenda muda mrefu ni ile ya kumtendea mwenzako kama ungependa kutendewa wewe. Lakini Jumatatu nilijiuliza namna nyingine. Kila fundi anayekosea akisema ameota, itakuwaje? Nguzo za maduara ya zamani zitaendelea kushushwa bila kugongwa, na hakuna atakayejua zipi zinaua. Na siku fundi akiwaambia watu washuke, neno lake litakuwa na uzito gani? Uongo wangu ungefaulu kwa sababu tu mafundi wengine wanaaminika. Ningekuwa nakula ukweli wa wenzangu.

Niliweka bakuli chini, nikaenda kwenye mdomo wa duara, nikawaita watu wote watoke. Nikamwamkia Mama Kulwa. Akaitikia marahaba akiwa bado na furaha ya jana yake. Nikamweleza nilichofanya, mbele ya wote.

Masanja, kiongozi wa wachimbaji, ndiye aliyekasirika zaidi. Alisema wao ni watu wazima, hatari wanaijua, na wameamua kushuka hivyohivyo.

"Ungekuwa wewe uko chini, Padri, usingetaka tukuache uchimbe?"

Ningetaka. Mshipa ule ningeuchimba hata kwa nguzo za mabua. Hapo kanuni yangu niliyoipenda ikanifia mkononi, kwa sababu mtu anaweza kujitakia ujinga na kuwatakia wengine ujinga huohuo kwa moyo safi kabisa. Sikubishana naye. Nilimwambia sitasema nguzo ni nzima wakati sijui kama ni nzima. Kisha nikaikalia kamba ya kushukia.

Siku tatu zikaenda nikitoa nguzo mojamoja na kuweka nyingine niliyoigonga. Jana mchana majirani wakatokeza kwenye mshipa, tukasikia vigelegele vyao. Leo asubuhi nguzo ya mwisho ilipotoka, Masanja akazipanga zote sita mbele ya watu, akachukua shoka, akazipasua moja baada ya nyingine.

Zote zilikuwa nzima.

Mbao nyekundu, kavu, hata tundu la sindano hakuna. Mbovu ilikuwa moja tu, ile iliyokwenda jikoni. Wengine walicheka, mmoja akatema mate karibu na mguu wangu. Mama Kulwa hakucheka. Alisema kwa upole ulioniuma kuliko matusi:

"Ng'wanawane, mwanangu, ungesema umeota, nani angekulaumu? Lakini umesema kosa ni lako. Sasa nikufanye nini?"

"Mayu, mama yangu, fanya unachoona ni haki," nikamwambia.

Akaniachisha kazi. Ana haki hiyo, na sina kinyongo naye.

Nililia kidogo nyuma ya banda. Kisha nikajishangaa, maana chini ya kilio kulikuwa na furaha. Nguzo zingekutwa mbovu ningeitwa mwokozi, na nisingejua kamwe kama nilisema kwa sababu ni wajibu au kwa sababu ya sifa. Sasa sifa hakuna, mshipa hakuna, kazi hakuna. Kimebaki kitendo chenyewe, nami nakitazama sioni cha kufuta. Kwa kutozigonga naona aibu, na aibu hiyo nitakwenda nayo. Kwa kusema, najivuna. Walimu wangu wa seminari wangeniambia majivuno ni dhambi. Wanisamehe, leo najivuna.

Saa nane nilikuwa nafunga mzigo wangu Masanja alipokuja. Hakunisalimia. Alisema fundi mpya amekwishafika, amesimamisha nguzo ya mwisho iliyokuwa imebaki, amewaambia washuke.

"Nimemuuliza, siku ukikosea utasema? Akanijibu yeye huwa hakosei."

Nikamuuliza mbona basi yuko huku juu na mimi.

Masanja akaangalia viatu vyake. "Hatujashuka," akasema. "Wote wanane tumekaa."

Nami nilikaa. 

Kesho napanda gari kwenda nyumbani Tinde, mikono mitupu. Mama yangu amekwishawatangazia majirani kwamba mwanawe ndiye fundi mkubwa wa Nyarugusu, na atataka kujua nimerudi na nini. Nitamwambia yote, nikianzia kwenye nguzo ambazo sikuzigonga.