Kumfuta Jasho Mchezaji wa Japani

Buffalo, Jumatatu

Yaya Jolie, dada yangu mpendwa,

Salamu nyingi katika jina la Yesu. Hamjambo hapo Hilliard? Shemeji Bagula mgongo umepoa, au bado anabeba maboksi huku akinung'unika? Sisi ni wazima, baridi tu inatuonea.

Najua umeshamtandikia Mama kitanda. Tulipatana aje kwako mwisho wa mwezi, maana tangu tumzike Baba alikuwa anakaa tu dirishani, bila kuimba hata pambio moja. Yeye, kiongozi wa kwaya! Nilidhani kwako, penye wajukuu, atachangamka. Sasa ngoja nikueleze yaliyotupata Jumamosi.

Tulikwenda kununua sombe, majani yetu ya muhogo, Grant Street, mvua ikatukimbizia maktabani. Ndani walikuwa wanaonyesha filamu ya zamani sana ya Japani, kwenye kitambaa cheupe ukutani. Wanawake waliovaa kimono wanacheza taratibu, pepeo mkononi, na nyuma yao wenzao wanapiga ngoma na zeze. Lakini sauti hakuna. Mama akauliza mbona wanapiga na hatusikii. Nikamwambia mashine za wakati ule zilikamata picha tu. Akasikitika kweli. Akasema ni aibu, watu wazima kukaa kumtazama mtu anacheza bila kumwimbia.

Bon, akaanza. Pambio la mavuno, na makofi juu! Akawa anaangalia miguu yao na kupunguza mwendo, mpaka wimbo ukaingiana nao. Nilitamani ardhi ipasuke. Kisha akainuka, akatoa kitenge cha begani, akaenda kumfuta jasho mchezaji wa mbele, kama tunavyowatunza wachezaji kanisani kwetu. Alifuta kitambaa cha ukutani, yaya! Watu walicheka, halafu wakampigia makofi. Mkutubi akamwomba arudi, wana filamu nyingine zisizo na sauti.

Jambo lenyewe ni hili: Mama haji kukaa kwako. Njiani aliniambia hakusahau kuimba, ila aliona haya kuimba kwenye nyumba isiyo na mchezaji. Jana naosha masufuria, akaanzisha wimbo. Nikacheza, mimi mwenye miguu mizito, povu mikononi. Akaja kunifuta uso kwa kitenge kilekile. Halikuwa jasho. Sikutaka kabisa aondoke, yaya, na sikuwa nimemwambia mtu.

Kitanda usikitandue, tutakuja wote Krismasi. Mama anasema uanze kukizoeza kiuno kucheza.

Wabusu watoto, na shemeji apunguze maboksi.

Mdogo wako,
Précieuse