Jalada la Mama Jaji

Ijumaa, 1 Machi

Daftari jipya. La zamani limejaa mpaka kwenye jalada. Mama watoto anasema naandika kama mtu anayechimba kisima. Yeye ndiye aliyenifundisha herufi, hapa hapa mezani, kichwa kimeshaota mvi. Wiki mbili tu nikajua. Yeye anasema miaka miwili. Haya.

Mahakamani hawajui kama nasoma. Nasaini kwa dole gumba, ndiyo maana wananiamini. Miaka thelathini na moja nabeba majalada ya majaji. Sijapoteza karatasi. Sijachafua karatasi. Nikisema "Mahakama, simameni!" hata mawakili wenye matumbo wanaruka. Ndiyo maana wananiita Sauti. Mdomo wangu umefungwa na kazi. Mkono haujafungwa.

Leo wamemaliza kusikiliza lile shauri. Wabunge wamejiongezea miaka miwili, bila uchaguzi. Mwalimu mstaafu akawashtaki, anasema katiba haiwapi ruhusa hiyo. Hukumu Alhamisi. Majaji ni watatu. Kila mmoja ataandika yake peke yake, asimwonyeshe mwenzake, zisomwe siku hiyo mbele ya watu. Wanaogopa maneno kuvuja.

Mwenyekiti wa majaji yuko na wabunge — nimemsikia anavyowabembeleza mawakili wao. Yule ninayemwita Miwani yuko na mwalimu. Anabaki Mama Jaji. Hesabu hiyo hata mimi naiweza.

Jumapili, 3 Machi

Mkwe wangu kaja, na binti yangu. Huyu mkwe anamwendesha mbunge mmoja. Kakaa, kakohoa, kasifu viatu vyangu. Viatu hivi ana miaka sita anaviona.

Akauliza, baba, huko kazini hujaona kitu? Nikasema nimeona umenenepa.

Akauliza tena, huyu Mama Jaji anaelekea wapi? Nikamwambia anaelekea kwake, saa kumi na moja jioni, gari jeupe.

Mama watoto kacheka mpaka kaweka sufuria chini. Binti yangu hakucheka. Kanifuata uani. Baba, bunge likivunjwa mume wangu hana kazi, na watoto unawajua. Nimemwambia mimi nabeba tu, sijui kilichomo. Na ni kweli. Sijui.

Jumatatu, 4 Machi

Msajili wa mahakama kaniita ofisini kwake. Kafunga mlango mwenyewe. Mzee wangu, mkataba wako unaisha mwisho wa mwezi, uko hapa mezani kwangu. Mwaka mmoja mwingine si tatizo.

Nikangoja aseme anataka nini. Hakutaka kitu. Kaniuliza afya ya mama watoto.

Mchana Mama Jaji kapata barua. Anatakiwa mkutanoni nje ya nchi. Anaondoka Jumatano. Alhamisi hatakuwepo.

Jumanne, 5 Machi

La leo ni refu. Niandike polepole.

Mama Jaji kaniita saa tisa. Amepiga chapa mwenyewe, hakumpa mtu. Kahesabu mbele yangu karatasi kumi na mbili. Kaweka sahihi ya mwisho, kafunga jalada kwa utepe. Kasema, Mzee Sauti, nisipokuwepo Mwenyekiti ndiye atakayesoma kwa niaba yangu. Mpelekee msajili, aliweke kwenye sefu. Usipite popote.

Nikasema, mheshimiwa, unamwambia nani?

Nikapita.

Chai yangu ilikuwa inapoa kwenye kile chumba changu chini ya ngazi. Nikasema dakika mbili. Nimeliweka jalada mezani, nikavuta kikombe, mkono huu huu wa kulia ukacheza. Chai imetambaa juu ya meza na kuingia chini ya jalada.

Nilifungua utepe. Ilinibidi. Nikakausha kwa leso, nikapuliza kama mtoto. Na macho hayana kifuniko. Mstari wa mwisho, juu ya sahihi, nikaufuata kwa kidole, neno kwa neno: Muda wa bunge umekwisha. Uchaguzi ufanyike ndani ya siku tisini.

Nimefunga tena. Limebaki doa. Karatasi tatu za mwisho, pembe ya chini kulia, ukubwa wa ukucha. Hata jalada likiwa limefungwa, ukilitazama ubavuni unaliona — mstari wa kahawia. Nikamkabidhi msajili upande ule ukiwa kwenye kiganja changu. Kaingiza kwenye sefu bila kutazama.

Sijamwambia mtu. Mama watoto kauliza mbona nimekula kidogo. Miaka thelathini na moja, halafu chai!

Jumatano, 6 Machi

Mama Jaji kaondoka asubuhi. Kanipungia mkono garini. Nikatazama viatu vyangu.

Mkwe kapiga simu. Baba, usihangaike tena, mambo yako sawa. Nikamuuliza mambo gani. Kasema, basi tu, yako sawa.

Mimi sikuwa nahangaika. Yeye ndiye aliyekuwa anahangaika. Jumapili hadi leo, nani kamtuliza?

Jioni msajili kaja chumbani kwangu. Kwa miguu yake. Mtu huyu hajui hata kama mlango wangu unasukumwa au unavutwa — kausukuma mara tatu. Kaleta mkataba. Nikaweka dole gumba. Kaniambia, wewe ni mtu wa kutulia, mzee wangu, ndiyo sababu tunakupenda.

Alhamisi, 7 Machi

Naandikia kazini. Chumba cha majoho, kiti changu kando ya mlango wa kuingilia barazani, hukumu zinaposomwa. Sijawahi kuleta daftari hapa. Leo nimelileta, sijui kwa nini.

Baraza limejaa. Watu wamesimama mpaka madirishani. Yule mwalimu kavaa tai, kakaa mbele peke yake.

Msajili kanikabidhi majalada saa tatu kasoro. La Mama Jaji nimeliweka magotini. Nikalitazama ubavuni.

Jeupe.

Nikaligeuza. Nikafuta miwani yangu, nikatazama pembe zote nne. Jeupe kama limetoka dukani. Chai haitoki kwenye karatasi. Mama watoto ana kitambaa cha meza kilichomwagikiwa siku tulipomwoza huyu binti, kimefuliwa mpaka kimechanika, chai bado ipo.

Basi karatasi hizi si zile.

Simu ya Mama Jaji haipatikani. Nimejaribu mara nne.

Sijafungua utepe. Sihitaji. Lakini nikisema, wataniuliza nimejuaje. Itabidi nitaje lile doa. Nitaje kwamba niliambiwa nisipite, nikapita. Nilifungua. Nilisoma. Mzee wa dole gumba anasoma! Jina langu lote ni hili tu, kwamba sichafui. Na mkataba una dole langu la jana. Na binti yangu na wanawe.

Nisiposema, Mwenyekiti ataisoma hii iliyo magotini, na yule wa tai ataenda nyumbani ameshindwa.

Majaji wawili wameshavaa. Mwenyekiti kasema, Sauti, muda. Nimesema ndiyo mheshimiwa. Sijainuka.

Hakuna jaji anayeingia barazani kabla sijaita. Na mlango una ufunguo mmoja. Uko mfukoni mwangu.

Mwenyekiti kauliza, mzee unaumwa? Nimesema siumwi.

Msajili kaingia kwa mlango wa nyuma. Mzee wangu, fungua, watu wanangoja. Kasema kwa upole. Halafu kauona mkono wangu. Ameona kalamu inatembea. Ameangalia daftari, ameangalia jalada magotini, ameniangalia usoni. Amekaa kwenye kiti cha Mama Jaji, na hajakaribishwa.

Nje wameanza kugonga viti.

Miwani kanisogelea. Kainama. Kasema, Sauti, kumbe unaandika? Unaandika nini?

Nimemwambia, mheshimiwa, anza kusoma pale Jumanne. Ananyoosha mkono alichukue daftari. Nimemwambia asubiri kidogo, namalizia mstari.