Kinoti wa Panya, Waliyemwita Mpelelezi

Mwaka umetimia, Kinoti, Baba Mwiti wetu, tangu risasi ikukute uani kwako hapa Garissa, mchana kweupe, kitambaa kikiwa mkononi. Watu wanatuambia tumwachie Mungu. Tumemwachia, lakini hasira bado tunayo, na hatuoni haya kuitangaza.

Ulikuwa fundi cherehani. Kanzu za wenyeji, sare za watoto wa shule, zote zilipita mikononi mwako. Fundi mwingine angewatilia sumu panya waliomtafunia vitambaa. Wewe uliwanasa wawili, ukawalisha ukoko wa ugali mpaka wakakuzoea. Kelele za cherehani zilimeza mluzi wako, ndiyo maana ukawafundisha kwa ishara: ukiinua kitambaa cheupe, waje, ukiinua cheusi, watulie palepale. Wakitii, unawatupia njugu. Wakikosea, unaanza upya bila kuwapiga. Mkeo Gacheri alisema umerukwa na akili, kisha akawa yeye ndiye wa kuwakaangia hizo njugu.

Jirani yetu Qali, Msomali muuza chai, alikuwa akicheka huku ameshika mbavu. "Wallahi, fundi, banya yako nasikia wewe kuliko mtoto yangu!"

Siku ile ulikuwa ukiwachezesha juu ya ukuta unaoelekea mtoni. Vita hivi vya shifta, waasi wa porini, vimewafanya watu waogope hata vivuli vyao. Askari wa doria waliona mtu akiinua cheupe, akiinua cheusi, wakaamua kwamba anawapa shifta ishara ng'ambo ya mto Tana. Hawakuuliza. Gacheri alitoka jikoni mbio akipiga kelele, "Ni panya! Anachezesha panya, jamani!" Wakamjibu, "Nyamaza, mama." Ulikuwa umeshaanguka.

Linalomchoma Gacheri mpaka leo ni lililofuata. Askari mmoja aliokota kile kitambaa cheupe, akakiinua kwa dhihaka. Panya wako wakashuka ukutani wakaja hadi miguuni pake, wakangoja njugu. Wote waliona. Wengine walicheka, damu yako haijakauka! Na bado mkubwa wao alikwenda kusimama sokoni akasema wameua mpelelezi wa shifta. Qali alipokwenda kukutetea, alifukuzwa kama mbwa. Mwanao Mwiti anaitwa mtoto wa msaliti na wenzake. Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Ya huyu ina mwaka mzima na angali anaipita kifua mbele.

Wanaokukumbuka ni mkeo Gacheri, wanao Mwiti na Kagendo, dada yako Karimi aliye Meru, na Qali, ambaye kwetu ni ndugu.

Hutatutoka moyoni kamwe, Baba Mwiti. Wala hatutanyamaza, mpaka yule mkubwa arudi sokoni palepale aliposimama, mbele ya watu walewale, awaambie alichokiona kwa macho yake: kwamba walimuua fundi aliyekuwa akiwaita panya wake.