Korbi, Funga Mlango wa Choo

Korbi,

Supu ya dengu iko jikoni, ipashe moto. Hiyo plasta ya kidevuni usiibandue. ~~Nitarudi Jumapili.~~ Nimehamia kwa Bibi, Passau.

Asubuhi ulipoanguka ngazini, Baba alikuja mbio. Nikadhani anakuja kukuinua, kumbe ameshika kamera. "Usifute damu kwanza, mwanangu. Nitazame!" Nilipomfokea akasema, "Sogea, unanizibia mwanga." Mama naye akauliza kama sauti imeingia.

Mimi wameniliza kwenye filamu zao tangu nina miaka minne. Sasa ni zamu yako. Ukizidiwa, mdogo wangu, ingia chooni, funga mlango, ndipo ulie. Machozi yangu ya humo ndiyo pekee ambayo Ujerumani nzima haijayaona.

Dada yako